Alikuwa Pembeni

Tangu walipomlaza katika dispansere, Émile alisema maneno mawili tu, na aliyeyasikia ni mkewe peke yake.

"Nilikuwa pembeni."

Akafumba macho. Anastasie alidhani mumewe anajitetea asigombezwe, kama alivyozoea kufanya akichelewa kurudi kutoka mtoni. Akamfunika miguu, akamwambia, "Sawa, nyamaza, lala." Hakujua kwamba amekabidhiwa mzigo.

Ilikuwa Alhamisi ya mwezi wa tatu, mwaka wa 1968, na usiku kucha mvua ilikuwa imenyesha. Émile alikuwa kantonye. Serikali ilimpa kipande cha barabara akitunze, kilomita tatu za njia ishukayo kutoka Masisi kwenda Walikale, kuanzia daraja la miti hadi kona ya mwamba. Kazi yake ilikuwa kuzibua mifereji na kujaza mashimo kwa changarawe ya mtoni. Alitoka kwao Pinga, akaitafuta kazi ile miaka miwili kabla ya kuipata, na pamoja nayo alipewa nyumba ndogo ya bati kando ya njia. Hapakuwa na jirani wa karibu. Jioni walisikia mto tu, na siku za soko malori yakipanda kwa gia ya kwanza.

Asubuhi ile lori la kahawa la Papa Callixte lilimgonga akiwa kazini. Dereva, aliyeitwa Polycarpe, alimwinua yeye mwenyewe, akamweka ndani ya lori na kumpeleka dispansere. Hakuna mtu mwingine aliyekuwapo.

Ijumaa masista wa dispansere walimtuma Anastasie nyumbani akalete blanketi na maharage. Alipofika mahali mumewe alipogongwa akasimama. Gurudumu lilikuwa limeacha njia, likachimba mtaro mrefu upande wa mlima, likaingia ndani ya mfereji na kuubomoa. Maji yalikuwa yanatapakaa barabarani. Mwenye akili za mahakama angeita watu waje watazame. Anastasie hakuwa na akili za mahakama, aliishia mwaka wa tatu wa shule. Alichokiona ni kazi ya mumewe iliyoharibika. Kesho ilikuwa Jumamosi, siku ambayo mkubwa wa barabara hupita, na mkubwa yule hakuuliza habari za mgonjwa. Akikuta kipande kibovu, humpa mtu mwingine, na nyumba pia.

Akachukua jembe na kikapu cha Émile. Siku ile yote alibeba changarawe kutoka mtoni, akaujaza mtaro, akaushindilia kwa gogo kama alivyomwona akifanya. Jumamosi kabla ya saa sita alikuwa amemaliza. Gari la mkubwa likapita polepole, kioo kikashuka kidogo.

"Vizuri. Mwambie Émile vizuri."

Anastasie alikimbia hadi dispansere na neno lile kama mtu aliyebeba kaa la moto asitake lizime. Alimwambia Émile sikioni, mara ya kwanza, mara ya pili. Kama alisikia, hakuonyesha. Jumapili alfajiri akafa.

Polisi alifika Jumatatu. Akakuta barabara imenyooka kama mkeka. Akazunguka, akapiga kiatu chini, akamwuliza dereva, akaandika: marehemu alikuwa amesimama katikati ya njia, amelewa pombe ya kasiksi, lori lilipiga honi, hakutoka. Karatasi ile ikaenda Masisi, na maneno yake yakafika kila mahali upesi kuliko lori lenyewe.

Yalifika hata kilioni. Michel, kaka mkubwa wa Émile, alikuwa ametembea kutoka Pinga hadi miguu ikavimba. Siku ya tatu alimwita Anastasie nyuma ya nyumba.

"Shemeji, ndugu yangu alikuwa amekunywa?"

"Hapana, kaka. Aliniambia alikuwa pembeni."

"Nani mwingine alimusikia?"

Anastasie akatazama chini. Alikuwa mtu wa kutazama chini tangu utoto.

"Unaona," Michel alisema bila ukali. "Mimi nitapeleka nini kwa baba? Neno la mwanamuke mumoja, tena bibi yake? Kule wanasema Émile alikufa kifo cha mulevi. Leta karatasi yenye kukataa ile karatasi. Tukiiona, tutakuja kukuchukua sawa muntu wetu. Isipokuwapo, baki kwenu."

Basi akabaki. Nyumba ya bati ikapewa kantonye mpya. Anastasie akahamia jikoni kwa Mama Adelaïde, mjane mwenye ng'ombe wawili na mdomo usiochoka, akawa analima maharage yake kwa kulala na kula. Mama Adelaïde ndiye aliyemsukuma mpaka Masisi kuandikisha malalamiko.

"Mutoto, wewe unasema na udongo tu," alimwambia. "Nenda useme na watu. Hata kama sauti yako iko ya panya, panya naye anasikiwa kama anakwaruza sana."

Alikwenda mara tano. Mara tatu aliambiwa arudi. Alikaa kwenye benchi la nje na watu wenye kesi za mashamba na ng'ombe, kila mmoja na ndugu zake, wakigawana viazi vitamu na kucheka. Yeye hakuwa na wa kugawana naye. Aliyarudia maneno yale mawili moyoni. Aliyasikia kwa sauti ya Émile mwenyewe, sauti yenye mkwaruzo kidogo mwishoni, naye akahisi kana kwamba kuna mtu amekaa karibu yake. Nyumbani alifanya vilevile akipalilia. Miezi minane hakuwa na mwenzi mwingine.

Siku ya kesi ilipofika, Papa Callixte hakuja. Alimtuma avoka wa kumtetea, kutoka Goma, kijana mwenye suti ya kijivu na meno mazuri. Dereva Polycarpe alikaa nyuma yake. Alikuwa mtu mnene wa hapo hapo Masisi, kofia magotini, akitazama viatu vyake.

Juji alikuwa mgeni kutoka mkoa mwingine, mzee mpole, lakini upole wake ulikuwa wa mtu aliyeona mengi.

"Mama, nasikitika kwa kifo cha bwana yako," alisema. "Lakini lazima uelewe kitu kimoja. Anayedai ndiye analeta ushahidi. Dereva hana kazi ya kuonyesha kwamba hana kosa. Ni wewe utaonyesha kwamba iko nalo. Unasema alikuwa pembeni. Nani aliona?"

"Yeye mwenyewe aliniambia."

"Nani mwingine alisikia?"

Swali lile lile la Michel, likiwa limevaa joho.

"Hakuna, Papa Juji."

"Alama za magurudumu?"

"Zilikuwapo."

"Ziko wapi?"

Karani, Jean-Bosco, akainua kalamu kumtazama. "Nilitengeneza barabara," Anastasie alisema.

Watu wakacheka. Si kicheko cha ubaya, kicheko cha kushangaa tu, lakini kilimwingia mwilini kama baridi. Avoka akasimama.

"Wewe mwenyewe?"

"Mimi mwenyewe."

"Na damu je? Haikuwapo hata damu?"

"Niliizoa, nikaipeleka chini ya migomba. Damu ya muntu haikanyagwi."

"Papa Juji, mimi sina cha kuongeza." Avoka aliwageukia watu, akafurahia macho yao. "Mama huyu angeacha barabara na vidonda vyake, leo angekuwa na shahidi. Lakini alimuzika shahidi mbele ya kumuzika bwana."

Kicheko kikarudi. Juji akagonga meza, kisha akaanza kukusanya karatasi zake, na Anastasie akaelewa kwamba kukusanya kule ndiko mwisho. Ndipo aliposema, kwa sauti ndogo hata karani akamwomba arudie.

"Sikufuta. Nilijaza."

"Tofauti yake ni nini?" Juji akauliza.

"Udongo wetu iko mwekundu, Papa Juji. Changarawe ya muto iko nyeusi. Pale gurudumu lilipopita mimi sikuchimba, nilitia changarawe juu tu. Mtaro uko chini, vilevile. Naweza kuuonyesha."

Juji aliacha karatasi. Akamtazama mwanamke yule aliyekuwa anatazama sakafu.

"Jumanne," akasema. "Tutashuka kule wote. Na dereva pia."

Jumanne ile hapakuwa na mvua. Land Rover ilifika na watu wanne: juji, karani, avoka na Polycarpe. Mama Adelaïde alikuwa amefika mapema na wanawake wawili watatu wa shambani, wakasimama juu ya kingo na majembe yao begani. Kantonye mpya hakutaka kuonekana, maana aliogopa kuambiwa barabara yake imebomolewa kwa ruhusa ya nani.

Hakuna aliyemsaidia Anastasie, wala sheria haikumtaka yeyote amsaidie. Alianza karibu na mwamba, akarudi nyuma polepole. Hakulipiga jembe chini, alilivuta, kama mtu anayefukua viazi asivikate. Changarawe nyeusi ikatoka kikapu kwa kikapu, na chini yake udongo mwekundu ukabaki na umbo lake: mtaro wa upana wa gurudumu, ukiiacha njia taratibu, ukiufuata ukuta wa mlima, ukiingia mferejini. Karani akapima kwa kamba. Juji akaruka huku na huku akiangalia, suruali ameishika magotini. Avoka naye akaruka, akachafua kiatu, akakitukana kwa Kifaransa.

"Iko wazi," juji akasema.

"Iko wazi sana, ndiyo maana naitilia shaka." Avoka alikuwa anapangusa kiatu kwa jani. "Aliyefukia na anayefukua ni muntu mumoja, Papa Juji. Leo ameonyesha gurudumu. Kesho tukimwomba, atatuonyesha hata mguu wa tembo. Nani atasema hakuuchimba yeye siku ile, ndipo akaujaza? Hili ni neno lake lilelile, sasa limeandikwa kwa jembe."

Wanawake juu ya kingo waliguna. Lakini juji hakuguna. Uso wake ulionyesha kwamba hakuipenda hoja ile wala hakuweza kuikataa. Akamgeukia dereva.

"Wewe ulimwinua wapi?"

"Katikati, mukubwa." Polycarpe akaenda, akasimama katikati ya barabara. "Hapa."

"Una hakika?"

"Hakika, mukubwa."

Juji akamwashiria karani aandike. Anastasie alikuwa bado ndani ya mtaro, jembe mkononi, mgongo unamuuma. Tangu asubuhi alikuwa amewaona watu wale kwa miguu yao tu, maana hakuinua kichwa. Miguu ya juji, ya karani, ya avoka, yote ilikuwa imeruka juu ya mtaro mara nyingi. Jozi moja haikuruka hata mara moja. Viatu vya mpira vya Polycarpe, kila alipoitwa upande wa pili, vilikwenda hadi kwenye kona kabisa, mtaro unapoanzia, vikazunguka, vikarudi tena. Mtu mnene, jua kali, na njia ya kuruka ilikuwa hatua moja.

Akapanda kutoka mtaroni.

"Papa Juji, naomba kitu kimoja."

"Sema, mama."

"Mumwambie Polycarpe aruke pale." Akaonyesha kwa kidole mahali mtaro ulipoingia mferejini. "Wote mumeruka. Yeye peke yake anazunguka tangu asubuhi."

Juji hakuelewa. Alitoka mbali, na kwao labda mambo yalikuwa mengine. Lakini wanawake juu ya kingo walinyamaza ghafla, na Jean-Bosco, mtoto wa Masisi, akaacha kalamu juu ya karatasi bila kuandika.

"Ni kitu kidogo," juji akasema. "Dereva, ruka."

Polycarpe akavua kofia. "Mukubwa, niko na watoto wane."

"Sikukuuliza watoto. Ruka tu, twende nyumbani."

"Siwezi."

"Unaumwa mguu?"

"Siumwi."

"Basi?"

Ni Mama Adelaïde aliyejibu, huko juu. "Anaruka muntu namna gani? Kila mutoto anajua! Uliyemwua ukimruka pale alipolala, atakufuata hadi kwenye mlango wako, achukue wako mumoja mumoja. Mwambie aruke tuone!"

"Nyamaza, mama!" avoka akamkemea. "Papa Juji, huu si ushahidi, huu ni uoga wa kipagani."

"Mimi si mupagani," Polycarpe akasema. Alisema taratibu, kana kwamba jambo hilo ndilo pekee lililomwuma. "Nilibatizwa, nakomunika. Lakini siruki."

Akakaa chini palepale katikati ya barabara, mahali aliposema amemwinua mtu, akafunika uso kwa kofia. Kisha maneno yakaanza kumtoka, na hakuyaelekeza kwa juji. Aliyaelekeza kwa udongo.

"Njia ilikuwa imelowa. Nilikanyaga fre, ikakataa. Yeye aliniona tangu kona. Alitupa jembe, akashuka mferejini, akanipisha. Akanipisha kabisa! Na lori likamufuata mule mule. Katikati hapakuwa na muntu, mukubwa. Aliangukia pale. Pombe sikuisikia. Papa Callixte alisema nikikubali kosa, ananinyang'anya usukani."

"Rudia," juji akasema. "Polepole. Karani, huo uoga usiuandike. Andika maneno."

Yakaandikwa. Ilichukua muda, kwa sababu Polycarpe alikuwa analia na Jean-Bosco alikuwa mtu wa mwandiko mzuri. Juji alimweleza Anastasie kwamba hukumu itasomwa Masisi baada ya wiki mbili, kwamba mwenye lori atalipa, na kwamba nakala yenye muhuri atapewa aipeleke popote atakapo. Avoka alikuwa amekwisha kuingia garini. Kisha karani akasimama, akasoma kwa sauti kubwa yale aliyoandika, kama inavyotakiwa, ili kila mmoja asikie na atie sahihi. Sauti yake ilikuwa safi, ya mtu aliyesoma kwa mapadre.

"... na kwamba marehemu Émile, kantonye, hakuwa katikati ya njia. Alikuwa pembeni, ndani ya mfereji wa upande wa mlima..."

Anastasie akaandika jina lake, herufi moja moja, ile S ikageuka nyuma. Jean-Bosco hakumsahihisha.

Walipokuwa wanapanda garini, Polycarpe alirudi hatua chache. Alisimama mbali naye kidogo, upande ule ule wa mtaro.

"Mama. Pale dispansere. Alisema nini juu yangu?"

Anastasie akafikiri. Angeweza kumpa laana, angeweza kumpa msamaha, na mtu yule angepokea chochote.

"Hakusema juu yako," alimjibu. "Alisema tu alikuwa pembeni."

Polycarpe akangoja, labda kuna zaidi. Hakukuwa na zaidi. Akavaa kofia, akaenda. Gari likageuka kwa shida, likapanda kuelekea Masisi.

Mama Adelaïde alishuka kutoka kingoni, akamshika mabega, akamtikisa kwa furaha. "Panya umekwaruza! Umemukwaruza hadi mufupa! Michel atakuja na watu kumi kukuchukua, utaona. Twende, leo nitakupa maziwa ya mashuza kopo zima." Wanawake wengine wakapiga vigelegele, halafu wakakumbuka kazi zao, wakatawanyika. Mama Adelaïde naye akatangulia, maana ng'ombe walikuwa hawajakamuliwa.

Anastasie akafuata nyuma, jembe begani. Njia ilikuwa tupu. Alikuwa amechoka, na kama alivyozoea akichoka, akajiinamia kumwita mumewe kwa yale maneno mawili, ili atembee naye mpaka nyumbani.

Yakaja. Lakini yalikuja kwa sauti safi ya karani. Alikuwa pembeni.

Akasimama, akajaribu tena, akitafuta ule mkwaruzo mdogo wa mwishoni. Alikuwa pembeni, karani akasema, vizuri sana, kwa sauti ambayo watu wote walikuwa wameisikia. Sasa neno lile lilikuwa la juji, la Mama Adelaïde, la wanawake wa shambani. Kesho kutwa litakuwa la Michel na baba yake na Pinga nzima. Ndivyo alivyotaka, ndiyo maana aliipanda njia ya Masisi mara tano.

Mbele kidogo Mama Adelaïde aligeuka, akamwona amesimama. "Unangoja nani?"

"Hakuna," Anastasie alisema, akaanza kutembea.